Ushahidi Uliolowekwa Chai

Kanisa letu la Butiama lilipotaka kuandika ukutani jina la mtu wa kwanza kuchapa vitabu vya nyimbo huku kwetu, jina hilo nililijua. Alikuwa mume wa shangazi yangu, sasa marehemu. Nikiwa mdogo nilimwona kwake Nyakato, Musoma, akipanga herufi za kuchapia, za madini ya risasi, moja moja, vidole vyeusi mpaka kwenye kucha. Mashine yake iliishia kwenye vyuma chakavu. Shangazi alitaka kitu kimoja tu: jina la mumewe lisomwe pale ukutani yeye akiwa hai.

Familia moja ya Bunda ikadai ni babu yao. Wakaleta herufi za mbao, nyeusi tii, zilizofukizwa kama tunavyofukiza vibuyu vya maziwa. Wazee wa kanisa wakazipapasa kwa heshima. Tatizo ni kwamba zilisomeka vizuri. Herufi ya kuchapia huchongwa kinyume, ndipo karatasi isomeke. Nikaeleza, nikarudia.

"Sasa isiposomeka, mwanangu, si ndo mbovu?" akauliza mwenyekiti.

Nikaomba wino wa muhuri, nikapanga herufi nne, nikazigandamiza kwenye karatasi. Neno SIFU likatoka kinyumenyume.

"Kumbe babu yenu alikuwaga anawachapia watu wa ndani ya kioo!" mama mmoja wa kwaya akasema, ukumbi ukaangua kicheko.

Shauri lilikuwa limekwisha. Ilibaki niseme nilichokiona Nyakato, basi. Shangazi hakusubiri. Akatoa mkobani karatasi ya nyimbo, ya kahawia, imekunjamana.

"Na hii ni kazi ya mume wangu, kabla hamjazaliwa."

"Haya, fundi, kagua na hii," mwenyekiti akanipa.

Ilinukia chai ya tangawizi. Chini kabisa, kwa maandishi madogo, palikuwa na namba ya simu ya mkononi ya duka la steshenari. Nikaanza kuikunja ile karatasi. Mzee wa Bunda akainyakua, akaisoma ile namba kwa sauti, tarakimu moja moja.

"Shangazi, kwa nini?" nilimuuliza nje.

"Wenzetu walikuwa na kitu mkononi. Sisi tulikuwa na maneno."

"Maneno yalitosha!"

"Yalikutosha wewe. Hawa wanaamini wanachokishika."

Ukutani wameandika kwamba vitabu vya kwanza vilichapwa na "waumini". Nimewafuata wazee, nikawaambia nilimwona mtu yule kazini kwa macho yangu. Wananisikiliza kwa upole, kisha wananiuliza kama mimi si mtoto wa familia ile ile iliyoleta karatasi ya chai.