Sinema ya Kimarathi Huko Buyenzi

Shemeji yangu Shabani, dereva wa lori, aliuawa kwenye shambulio la barabara ya kusini mwa Bujumbura, na mdogo wangu Zuhura akabaki peke yake katika mji wenye vita. Eda ilipokwisha bila yeye kurudi Ujiji, Mama aliniita, akanikabidhi kanga mbili mpya na kuniambia, "Nenda kamlete. Usiniletee maelezo, niletee mwanangu." Nikafunga cherehani yangu nikaenda Kigoma kutafuta chombo.

Barabara haikufaa, kwa hiyo nilipanda meli ya mizigo iliyobeba chumvi na saruji. Abiria tulikuwa wachache, na kila mmoja alikuwa anamfuata mtu wake. Meli ilikaa mbali na pwani ya Burundi. Nahodha alituomba tusisimamesimame upande wa milimani, na hatukuhitaji kuuliza kwa nini.

Tulifika bandarini Bujumbura asubuhi, jua likiwaka juu ya mabati. Nilitazamia kukuta mji umekufa. Nikakuta watu wanauza mikate, mafundi wako chini ya magari, wanafunzi wamevaa sare. Askari ndio waliokuwa wengi kupita kiasi. Zuhura alinipokea nyumbani kwake Buyenzi, mtaa wa Waswahili, ambako watu wa pande zote mbili zilizokuwa zinauana walikuwa bado wanaishi ukuta kwa ukuta. Alikuwa amekonda, ila hakulia. Nilipomtajia safari ya kurudi alikuna nazi, akakuna, kisha akasema, "Kaka, kesho twende kwanza kwenye kazi yangu. Uone, ndipo tuongee."

Sikujua kama alikuwa na kazi.

Siku ya pili, baada ya adhuhuri, alinipeleka kwenye banda la video. Ndani kulikuwa na mabenchi, televisheni moja na deki, madirisha yamezibwa kwa magunia. Watu walijaa hadi mlangoni. Sinema ilikuwa ya Kihindi, au hivyo ndivyo walivyodhani siku kaseti ilipofika imechanganyika na nyingine. Aliyewatoa gizani ni Mzee Vasant, muuza vitambaa. "Hiki si Kihindi," aliwaambia. "Ni Kimarathi, lugha ya mama yangu." Basi akawa anamweleza Zuhura maneno, naye Zuhura anasimama kando ya televisheni na kuwasimulia watu kwa Kiswahili.

Hadithi yenyewe ni nyepesi. Mkata miwa anauliwa kaka yake na tajiri mwenye miwani myeusi anayetaka maji ya kijiji. Analia, anaimba, halafu anapiga watu. Anawapiga kwa miwa, kwa mnyororo wa trekta, mara moja hata kwa baiskeli. Zuhura alikuwa anaruka na kupiga makofi pamoja naye. Dada yangu huyu, ambaye utotoni alikuwa akijificha wageni wakija!

Kisha mkata miwa akaingia uani kwa tajiri, mvua inanyesha, akanyoosha kidole. Zuhura akapaza sauti: "Nani aliua kaka yangu? Toka nje, sema!"

Banda zima likaitikia: "Sema!"

Mwanamke aliyekaa karibu nami, karani aliyekuja kutoka mtaa wa Musaga, alikuwa anafuta machozi huku anacheka. Nikamuuliza ni mara yake ya ngapi. "Sijui tena," alisema. "Kule kwenye filme, mutu akikufa, kuna mutu anauliza. Sisi huku tunazika tu, tunanyamaza."

Wakati huo ikasikika milio ya bunduki, kisha kishindo kizito kutoka upande wa milima. Umeme ukakatika. Nilisimama nikitafuta mlango. Hakuna aliyenifuata. Zuhura alikuwa anaendelea. Picha hakuna, muziki hakuna, ila yeye alikuwa bado anasimulia: tajiri amekimbilia kiwandani, mkata miwa anamfuata, mama yake anamwita nyuma. Wale watu, ambao huko nje wengine wao hawangethubutu kupita mtaa wa wenzao, walibaki wamebanana gizani wakimsikiliza. Nilikaa tena. Alisimulia mpaka tajiri alipofikishwa mbele ya kijiji kujibu, na milio ikawa imepungua, na watu wakaanza kuondoka upesi kabla ya saa ya kuvrefe, ile amri ya kutotoka nje.

Mlangoni nilimpongeza Mzee Vasant kwa maneno makali ya mkata miwa. Akatabasamu. "Hayo si yake, bwana. Yeye anasema: nitaua kila mtu wa nyumba hii, na watoto wako. Nilimwambia dada yako hivyo hivyo. Yeye akasema apana."

Tulipofika nyumbani nilimuuliza Zuhura. Alikuwa anamenya ndizi, hakuinua kichwa.

"Waliomuua Shabani nao wana nyumba," alisema. "Wana watoto. Mi nikisema yale maneno, na banda linaitikia, halafu watu wanatoka nayo kwenda barabarani? Apana, kaka. Ile siwezi."

"Na Mama nimwambie nini?"

"Umwambie nipo. Huko Ujiji nitakuwa mjane wa kuhurumiwa. Hapa watu wananingoja."

Nilibaki siku kadhaa, nikamshonea pazia jeusi la banda kwa kitambaa alichotoa Mzee Vasant, kisha nikarudi na meli iliyokuwa tupu. Sikupenda kumwacha. Mpaka leo silipendi lile jambo. Lakini nilikuwa nimekwenda kumtoa mtu kwenye hatari, nikamkuta amesimama mahali pake, na sikuwa na haki ya kumng'oa hapo.

Mama alikuwa uani niliponyoosha mkono kumsalimu. Alitazama nyuma yangu, akaona hakuna mtu, akageuza uso. Hakutaka kusikia habari ya kazi. Kazi gani, sinema? Ili aelewe ikabidi nianze mwanzo: miwa, maji, miwani myeusi. Nikasimama. Nikaonyesha mkata miwa alivyopigana kwa baiskeli. Nilipofika pale uani kwenye mvua nikasema yale maneno kama alivyoyasema Zuhura, nikaishia hapo.

Mama alijifuta macho kwa upindo wa kanga.

"Basi mwache kwanza," alisema. "Lakini hiyo sinema nimalizie."