Kengele ya Hewa ya Mkaa Niliyoifungia Kabatini

Wasomaji wenzangu, nichekeni kwanza, halafu ndiyo mnitukane. Nimestahili vyote viwili. Nilikuwa na kifaa cha kuokoa maisha ya watu, nikakifanya pambo la sebuleni, na mama mkwe wangu nusura afe chumba cha pili.

Mimi ni mkulima wa kahawa huku Matiri. Tangu wanunuzi binafsi wa kahawa waanze kupanda milimani huku, kila mtu anataka aonekane amepata. Jirani kaezeka bati, mwingine kanunua redio kaseti kubwa kama sanduku. Mimi bati nilikuwa nalo, tena nilikuwa na kabati la vioo, lenye vikombe vya harusi ambavyo havijawahi kuonja chai! Basi padre mmoja mzungu, akirudi kwao, akanigawia kifaa cheupe chenye kitaa chekundu.

"Kinalia kukiwa na hewa mbaya ya mkaa," aliniambia. "Hewa yenyewe huioni wala huinusi. Kitundike chumba wanacholala watu, karibu na kitanda, kiwaamshe. Usikifungie, usikifunike."

"Nimeelewa, padre," nikaitikia. Mwongo mkubwa mimi! Chumbani nani angekiona? Nikakiweka kabatini katikati ya vikombe, juu ya kitambaa alichodarizi mke wangu, nikafunga kioo na ufunguo nikatia mfukoni. Wageni wakiuliza, nawajibu ni redio mpya ya Ulaya, bado haijapata stesheni.

Mwezi wa saba mama mkwe akapanda kutoka Lundo kuja kumwona mjukuu, na kifurushi cha usipa, dagaa wetu wa ziwani. Jamani, mtu wa ziwani na baridi ya huku wapi na wapi! Alitetemeka tangu anashuka kwenye gari. Nami kwa kutafuta sifa za mkwe mwema, jioni nikawasha jiko la mkaa mwenyewe, nikapepea mpaka moshi ukaisha kabisa. Nilidhani moshi ukiisha, na hatari imeisha. Nikaliacha mlangoni, maana chumbani kwa mkwe siingii, mke wangu akaliingiza. Tena nikaagiza dirisha lizibwe kwa matambara!

Asubuhi mama hakutoka. Mke wangu akaingia kumwamkia, mara nikasikia yowe.

"Baba Nanihii, njoo! Mama haamki! Njoo tumbebe!"

Mnajua nilifanya nini? Nilisimama mlangoni, nikageukia ukuta, nikasema, "Shikamoo, mama!" Mtu anakufa, mimi naamkia! Kuingia chumbani kwa mkwe, kumshika mwili wake, niliona aibu. "Kamwite yule mama jirani akusaidie," nikasema. Mke wangu akanijibu neno ambalo gazeti hili haliwezi kuliandika.

Nikaingia. Mimi mabega, yeye miguu, tukamtoa uani. Alikuwa amelegea kabisa. Nililia, ndugu zangu, nililia mbele ya majirani bila kujali. Baada ya muda akatapika, akafungua macho.

Hapo ndipo nikamkumbuka padre. Nikafungua kabati, nikakipeleka kile kifaa chumbani. Sijui nilitaka nini, labda nilitumaini ni kibovu ili nipate wa kumlaumu. Kikapiga kelele mpaka kuku wakatawanyika!

Mama, amejilaza mkekani ameshika kichwa, akaniuliza kwa sauti ndogo, "Mwanangu, redio yako imepata stesheni?"

Sikuweza kudanganya tena. Nilimweleza yote, na majirani wanasikia. Kijiji kizima sasa kinaniita Stesheni.

Mama amepona. Lakini kwangu halali tena. Akija, analala kwa jirani mwenye nyumba ya nyasi, mimi nabaki na bati langu na kabati langu. Mke wangu hanisemi, na heri angenisema.

Wenzangu, mwenye kifaa hiki akitundike wanapolala watu, na chumba cha mgeni nacho ni chumba. Kisikae kabatini wala nyuma ya pazia. Wala msikitundike juu ya mafiga, kitalia kila mkipika ugali mpaka mkizime kwa hasira. Bonyezeni kitufe chake mara kwa mara mjue betri bado ina nguvu. Na msio nacho, ambao ndio wengi, jiko la mkaa lilale nje hata kama halitoi moshi! Mgeni akisikia baridi, mwongezeeni blanketi. Na mtu akizidiwa, ingieni mumtoe, aibu mtaijua baadaye.

Changu sasa kiko chumba cha wageni, ukutani kando ya kitanda. Kitanda chenyewe hakina mtu. Siku anaondoka, mama alisimama sebuleni akalitazama kabati muda mrefu.

"Asante kwa moto, mwanangu," akasema. "Kumbe usiku kucha kifaa chako kilikuwa kinalinda vikombe."

Na kweli, vikombe vyote ni vizima.