Machozi Yaliyotafuta Mwanga

Siku ile naikumbuka bado, mwanangu, ingawa mengi ya Tottenham, kule London, yamenitoka. Ilikuwa miaka michache baada ya mapinduzi ya kwetu Unguja. Mimi na shangazi yangu, Bi Zuwena, tulipanga ghorofa ya juu, na chini yetu akikaa mzee wa Kidenmaki mwenye macho makali. Nilimwogopa. Akitutazama tukipanda ngazi kama anayetupima sanda. Na zama zile sisi wa Unguja tulimshuku kila mtu, maana baba yangu alikuwa bado huko, amejificha shamba kwa watu.

Shangazi ndiye aliyethubutu kumuuliza kazi yake. Kumbe alikuwa mwigizaji! Alianzia jukwaani Copenhagen, kisha zikaja filamu zisizo na sauti, naye akapewa uovu tu: mwizi wa urithi, daktari mtia sumu. Watu wakimzomea barabarani. Filamu zilipoanza kusema, akaja London kujaribu bahati. Lafudhi ikamwangusha, akaishia kuwapaka wenzake rangi za uso.

Mimi sikutulia. "Shangazi, mtu aliyelipwa kudanganya ataachaje?"

"Muache mzee wa watu anywe chai," akanijibu.

Basi Jumapili moja, mzee yuko kwetu na kikombe chake, akaingia kijana nadhifu, Kiswahili chake cha mjini hasa. Alisema baba yake na baba yangu walisoma chuo kimoja. Alipomtaja baba, machozi yakamtiririka.

"Niambieni tu yuko kwa nani, nimfikishie msaada."

Moyo wangu ukalainika. Jina la mwenyeji wa baba lilishafika ncha ya ulimi. Mara mzee akainuka, akaniomba nimshike mkono kwenye ngazi. Tulipofika chini akaninong'oneza:

"Lugha yenu siijui, binti. Lakini nimelia mbele ya kamera miaka mingi. Mwenye uchungu huficha uso. Huyu kila akilia hugeukia dirishani, kwenye mwanga, kisha anachungulia kama mmeguswa."

Nikapanda juu. Nikasema, "Baba hatujui aliko, kaka."

Machozi yakakatika papo hapo. Akachukua kofia yake, hata kwaheri hakusema.

Nyumba nyingine ya jamaa zetu ilimfungulia moyo kijana yule, kumbe ni mpelelezi wa wale waliokuwa wakimsaka baba. Ndugu yao kule Unguja akachukuliwa, hakuonekana tena. Baba yangu alivuka salama hadi London, akanikumbatia kifuani mwake kwenye kituo cha treni cha Victoria.

Mwanangu, wahenga walisema uzuri wa mkakasi, ndani kipande cha mti. Kushuku si dhambi, ila shuku matendo, usishuku sura aliyoumbwa nayo mtu. Na anayekuharakisha kwa machozi, mcheleweshe. Siri iliyobeba uhai wa mwenzio si sadaka ya kumpa kila anayelia mlangoni.

Mola akupe jicho linaloona na ulimi unaosubiri. Akujaalie jirani mwema, hata kama uso wake unatisha. Amin.