Nilikwenda Kakuyuni Kumfumania Mume Wangu

Jamani, leo nimemfuata mume wangu mpaka kwa mjane Kakuyuni.

Kila alasiri hutoka kimya. Wivu ulinishika.

Sisi twakaa Mambrui, nyuma ya tanuri la chokaa ya kujengea mahoteli. Moshi mchana kutwa. Yeye hukohoa, usingizi hapati.

Nimemkuta uani kwa mjane, kalala fofofo mkekani. Hakohoi.

"Mume wangu anafuata nini kwako?"

"Hewa, dada," mjane akajibu taratibu. "Marehemu mume wangu alifanya kazi kwenye tanuri hilo. Kifua kilimuua. Huyu aliona haya kukwambia, maana nyumba mnayokaa ni ya babako."

Nikakaa, nikamtazama anavyopumua.

Alipoamka nikamwambia tuhame.

Lakini Kakuyuni hatuhamii, hata mkinicheka.