Kaburi la Mbao la Mama Yetu

Dada yangu Eulalia Bracamonte alicheza filamu tatu na nusu. Hiyo nusu ndiyo ninayotaka kuieleza, maana mpaka leo nikiikumbuka mwili unanisisimka.

Tuliishi Boyle Heights, mashariki mwa Los Angeles. Mama yetu, Refugio, mjane, alikuwa akipiga pasi mashati ya watu kwa dobi. Mwaka 1950 studio ilimchukua Eulalia, ana miaka kumi na tisa. Walimchoma mashina ya nywele kwa umeme ili paji la uso liwe pana, wakamwita Leila Verdier, wakamtungia maisha: Mfaransa, yatima, amelelewa na masista. Mkataba ulisema akikanusha hata neno moja, kazi imekwisha. Akatia sahihi. Nyumbani hakutuambia kitu, mjinga yule.

Mama hakujua kusoma Kiingereza, kwa hiyo yangepita. Lakini gazeti la Hermosillo, mji wetu wa asili ng'ambo ya mpaka, lilichapa picha yake na habari kwamba wazazi wake ni marehemu. Mama mkubwa Rosario aliitambua sura ya mtoto wa mdogo wake. Hakuuliza mtu. Alivaa nguo nyeusi, akasalisha rozari siku tisa kama ilivyo desturi yetu, kisha akapanda treni kuja kutukaripia kwa kumficha msiba.

Mama ndiye aliyemfungulia mlango. Kikapu kilimponyoka mama mkubwa, tamales za unga wa mahindi zikatapakaa kibarazani.

"Cuca," akasema, akimwita mama kwa jina la utotoni, "wewe si umekufa?"

"Nani kasema?"

"Binti yako, gazetini. Nimekusalia siku tisa, magoti yote yamechubuka kwa ajili yako."

"Basi nirudishie sala zangu," mama akasema. Akacheka, kisha kicheko kikamkauka mdomoni.

Ikabidi nimsomee majarida yote ya Kiingereza niliyokuwa nimeyaficha chini ya godoro. Moja lilisema Jumatatu Leila Verdier atapigwa picha akiweka maua kwenye kaburi la wazazi wake.

"Nataka kuliona kaburi langu," mama akasema.

"Mama, ukienda utamharibia kazi."

"Sitasema neno. Nitaangalia tu."

Jumatatu tulikwenda makaburini, mimi, mama na mama mkubwa. Jiwe lenyewe lilikuwa ubao uliopakwa rangi ya marumaru na maseremala wa studio. Eulalia alituona, uso ukamsawijika.

"Hawa ni akina nani?" akauliza Haskell, bwana wa matangazo.

Dada yangu akanyamaza. Kimya kile kilinichukua miaka kukisamehe. Mama ndiye aliyejibu, kwa Kiingereza chake cha kuungaunga: "Mimi dobi wa bibi huyu. Nimekuja kuombea marehemu." Kisha akapiga magoti kwenye nyasi mbichi, mbele ya kaburi lake mwenyewe, akafanya ishara ya msalaba.

Haskell alifurahi kupita kiasi. "Safi sana, mtumishi naye anaomboleza. Leila, piga magoti kando yake."

Eulalia akapiga magoti. Mpiga picha akainua kamera. Hapo dada yangu akamshika mama kiwiko.

"Mama, inuka. Nyasi zina maji, na magoti yako yanauma."

"Umemwitaje?" Haskell akauliza.

"Mama. Huyu ni mama yangu."

Ijumaa mkataba ulivunjwa. Filamu ya nne, iliyokuwa imefika nusu, walianza upya na msichana mwingine. Eulalia akaenda kupiga pasi na mama, meza kwa meza, miaka kumi na sita. Nywele za paji la uso hazikuota tena.

Mama alifariki kweli mwaka 1968. Tulipeleka simu ya maandishi Hermosillo, lakini mama mkubwa alikataa kuanza rozari. Alikuja mwenyewe, akaingia chumbani, akaushika mkono wa mdogo wake, akaushikilia muda mrefu.

"Haya," akasema. "Safari hii tusali."

Eulalia alikuwa amekwisha piga magoti kando ya kitanda, na hakuna aliyempiga picha.