Kibao Nilichomsomea Bibi Somoe

Admin, nifichie jina, maana huku Masasi kila mtu ni shemeji wa mtu. Ni mwanaume wa miaka hamsini na mbili, nina mke na watoto wanne. Shule niliishia la saba, mengine nimejisomea mwenyewe. Natembeza wageni kwenye boma la ukoo wetu, si mbali na Chiwata, ambalo sasa ni bustani ya watu wote na makumbusho. Kuna nyumba ya mawe, maghala ya mtama, na minyororo ya kweli ndani ya kioo. Maharusi huja kupiga picha mbele ya minyororo. Sijui ndoa zao zinaendeleaje.

Boma lilijengwa na baba wa babu yangu, jumbe wa Mdachi. Wakati wa Maji Maji jirani yake mmoja, Liyenga, alirudi nyumbani akiwa amekunywa dawa ya vita. Babu yetu huyo jumbe akamkaribisha ugali, akamngoja anawe mikono, kisha akawafungulia askari mlango. Wakamnyonga kwenye mti wa msolo ulio uani, na mkewe, mwenye mimba, akaamriwa apige vigelegele. Alipiga. Haya alinisimulia bibi yangu mzaa baba, huku anatwanga kisamvu.

Ukoo wa Liyenga ni watani wetu. Kila mwaka kabla ya mvua huja kuweka unga kwenye shina la ule msolo, kumkumbuka marehemu wao. Siku hizi anakuja mjukuu wake, Bibi Somoe, mzee wa kutembelea fimbo. Akishaweka unga hunigeukia: "Nyie mlinenepa kwa chumvi ya Mdachi, ndiyo maana mnakufa na presha." Nami nacheka, kwa sababu mtani hakasirikiwi, na kwa sababu ni kweli.

Bustani ilipotaka kufunguliwa, pakahitajika kibao chenye historia. Baba mkubwa, ambaye ndiye mkubwa wa ukoo, akaniita. "Wewe ndiye unayejua kuandika. Hakuna bustani inayofunguliwa kwa jina la msaliti." Nikaandika. Nikachukua kifo cha Liyenga nikampa babu yetu, ambaye alikufa kitandani, mzee, ameshiba. Niliandika vizuri mno, mgeni mmoja alilia. Kibao kikasimamishwa chini ya msolo, na kwenye tawi lile lile wakafunga bembea ya watoto.

Mwezi uliopita Bibi Somoe akaja na kibakuli chake. Nikamwamkia shikamoo, akaitikia marahaba, akaweka unga, akaniuliza pale pameandikwa nini. Hajui kusoma. Sijui nini kiliniingia. Nikasimama wima kama askari, nikasoma maneno yasiyokuwepo: "Hapa ndipo aliponyongwa Liyenga, mwana wa nchi hii." Akaomba nirudie. Nikarudia mara tatu, ya tatu nikaongeza kwamba mkewe alikataa kupiga vigelegele.

Akatafuta pa kukaa, akakosa, akakaa kwenye bembea. Alilia kimya, miguu haigusi chini.

"Mtani wangu," akasema, "kumbe nyie mna haya. Basi sitawatania tena."

Tangu siku hiyo ananiita mwanangu. Sasa anaumwa, na ameita ukoo wake wote, wa Makote, wa Nanganga, wa kila mahali, waje Jumamosi kuweka unga na kuliona jina la babu yao. Mjukuu wake, mwalimu wa shule ya msingi, ndiye atakayesoma kibao mbele ya watu. Mimi nimetakiwa nimshike bibi mkono.

Nilimweleza baba mkubwa. Alicheka mpaka akakohoa. Akasema niwaambie kibao kimepelekwa kupakwa rangi. "Huyo bibi ana miezi mingapi? Mwache afe na furaha yake." Akaongeza kwamba nikigusa kibao, nitoke na wanangu katika nyumba ya ukoo tunamoishi, nikaombe kiwanja kwa hao watani.

Kibao cha kweli nimeshakiandika, nimekificha chini ya kitanda. Mke wangu anadhani ni zawadi yake.

Ndugu wasomaji, kesho kutwa ni Jumamosi. Matusi nitayapokea, ila shaurini na la kufanya: nibadilishe kibao niwatoe wanangu nje, au nimshike mkono bibi wa watu, aliyenisamehe kosa ambalo bado nalifanya, asikilize mjukuu wake akisoma?