No ya Babu wa Ghorofa ya Tano

Ilianza Jumapili ya kwanza ya Novemba, ambayo huku Qatar ni siku ya shule, saa nane na robo mchana, katika ukumbi wa shule yetu kule Abu Hamour, Doha. Nilikuwa nimesimama jukwaani nikitazama viatu vyangu. Mwalimu wa muziki na maigizo alikuwa anatafuta mtu wa kucheza kijakazi, na kijakazi mwenyewe ana sentensi moja tu katika mchezo mzima. Harusi imepamba moto, anaingia, anasema, "Kuna mgeni mlangoni, na amelowa chapachapa." Basi. Kazi yake imekwisha.

Mchezo ulikuwa wa Kiingereza, lakini hapa nauandika kwa Kiswahili kwa sababu ndivyo ninavyoukumbuka. Na niliitaka ile sentensi jamani! Niliifanyia mazoezi bafuni, bomba likiwa wazi ili Mama asinisikie. Mimi ni mtu wa aibu. Darasani jibu nalijua, lakini nikitajwa jina sauti inakwama kooni kama mwiba wa samaki. Nilijiambia, nikiweza kusema sentensi moja tu mbele ya watu, nitaweza mambo mengine yote.

Safu ya mbele alikaa Mwalimu, na kando yake mzee mwenye mvi zilizosimama na pua kubwa. Tulikuwa tumeshasikia habari zake: ni baba yake Mwalimu, mwigizaji wa Ucheki, amekuja kukaa na binti yake miezi michache.

"Huyo mzee ni Mcheki," nilimnong'oneza rafiki yangu kabla sijapanda.

"Nimcheki nini?"

"Mcheki! Mtu wa Ucheki!"

"Si ndiyo namcheki! Ana pua, aki."

Rafiki yangu ni Mkenya kama mimi, mama zetu ni wauguzi hospitali moja, na yeye haogopi chochote. Alikuwa ameshapewa nafasi ya yule mgeni aliyelowa.

Nikafungua mdomo. "Kuna mgeni..."

"No," akasema mzee.

Nikaanza upya. "Kuna mgeni mlangoni..."

"No, no, no, no!" Safari hii kwa sauti, mpaka kiti kikalia.

Sikungoja. Nilishuka jukwaani, nikapita katikati ya viti, nikaingia chooni nikajifungia. Rafiki yangu alikuja kugonga. "Wewe, toka. Mwalimu anauliza kama unaumwa tumbo." Nikasema ndiyo, tumbo. Siku ya pili Mwalimu akatangaza kwamba kijakazi ameondolewa kwenye mchezo. Mgeni ataingia mwenyewe bila kutangazwa.

Nyumbani sikumwambia mtu. Baba, ambaye ni dereva wa hoteli na hupenda utani, aliuliza mbona chapati zangu hazipungui. Nikasema nimeshiba.

Sasa, Mwalimu na baba yake walikaa jengo moja na sisi, mtaa wa Fereej Bin Mahmoud, wao ghorofa ya tano, sisi ya nne. Alhamisi hiyo mimi na Mama tulikuwa tunatoka kununua mboga, lifti ikafunguka, na ndani yake, lo, Mwalimu na mzee. Nikatamani kushuka kwa ngazi. Mama akanisukuma ndani kwa mfuko.

"Habari za mchana, mzee," Mama akamsalimu kwa Kiingereza. "Umeizoea Doha? Joto limepungua kidogo, sivyo?"

"No, no, no," akasema mzee.

Safari hii sikutazama viatu, kwa sababu viatu vilikuwa vimefunikwa na mfuko wa Mama. Nilimtazama yeye. Na nikaona kichwa chake kinapanda na kushuka, kinapanda na kushuka. Alikuwa anatabasamu!

Mama akanigeukia na kusema kwa Kiswahili, "Huyu anakubali au anakataa?"

Mwalimu alielewa bila kutafsiriwa. Akacheka. "Samahani, mama. Kwetu neno la ndiyo ni 'ano', na tukiongea harakaharaka tunalikata linabaki 'no'. Baba yangu anasema ndiyo, ndiyo, limepungua. Nimemkanya mara ngapi! Juzi amemwambia haris, mlinzi wa jengo, 'no' alipoulizwa kama aletewe maji, tumekaa na kiu siku nzima."

Lifti ilifika chini. Mlango ukafunguka. Mimi sikutoka.

"Jumapili," nikasema. Sauti ilitoka nyembamba lakini ilitoka. "Aliposema no, no, no..."

Mwalimu alimuuliza kwa lugha yao. Mzee aliinua mikono yote miwili, akanijibu mwenyewe kwa Kiingereza chake cha kukwaruza: "Mimi nasema ndiyo! Endelea! Ndiyo, ndiyo, endelea! Na wewe, fyuu! Nikasema, lo, msichana anakimbia vizuri."

Mama alicheka mpaka akashika ukuta. Mimi niliona mwili mzima unachemka kwa furaha. Nikaomba kurudishiwa kijakazi wangu hapohapo, mlango wa lifti ukinigonga begani. Mwalimu alisema sawa, lakini maonyesho ni Alhamisi ya pili kutoka siku ile, na ukumbini hataweza kuniwekea kipaza sauti. Watu wa nyuma wasiponisikia kwenye mazoezi ya mwisho, mgeni ataingia peke yake kama ilivyopangwa. Kisha akaongeza kwamba Ijumaa, siku inayofuata maonyesho, baba yake anarudi Praha.

"Basi aje kwangu," akasema mzee. "Mimi maisha yangu yote naingia milangoni. Nitamfundisha mlango."

Hivyo ndivyo nilivyoanza kupanda ghorofa ya tano kila jioni baada ya kazi za shule, Mama akiwa ametangulia kukagua kwamba Mwalimu yupo. Siku ya kwanza nilimwita Babu, kwa heshima. Akaangua kicheko. Kumbe kwao neno linalokaribiana na hilo ni ajuza. Nikamwambia kwamba baba yangu mzazi ninamwita Baba, akacheka zaidi, maana hilo nalo kwao ni mwanamke. Lakini alikataa nibadilishe. "Nimewahi kucheza ajuza pia," alisema. "Magazeti yalinisifu."

Alizaliwa mji mdogo, baba yake mwoka mikate. Alikuwa na aibu (hapo nilitega masikio). Akitumwa dukani alisimama nje mpaka mtu amuulize anataka nini. Mjini kwao kulikuwa na maonyesho ya vikaragosi, wale watu wa mbao wanaochezeshwa kwa nyuzi, na mchezeshaji hujificha juu nyuma ya pazia. Akaomba kujificha. Kutoka pale nyuma akawa mfalme, akawa mbuzi, akawa shetani. Watu walitetemeka kwa sauti ya mtoto ambaye hakuthubutu kununua hamira.

Baadaye akasomea uigizaji, akapelekwa kwenye jumba la maonyesho la mji wa wachimba makaa. Wachimbaji walikuja moja kwa moja kutoka kazini, wakalala kwenye viti. "Kazi yangu ilikuwa kuwaamsha bila kuwakasirisha," alisema. Kisha Praha, jukwaa kubwa, halafu filamu. Lakini hakuwahi kuwa bwana harusi. Alikuwa tarishi, mhudumu wa baa, polisi, konda wa treni, mchimba kaburi, daktari wa mifugo. Nilimuuliza kama amewahi kumbusu mtu kwenye filamu, halafu nikataka kuingia chini ya zulia kwa aibu.

"Ng'ombe," akajibu. "Alikuwa mpole sana."

Kuna siku alikuwa anamenya chungwa akaniambia, bila hata kusimamisha kisu, kwamba serikali ya kwao ya wakati ule ilimtaka asaini karatasi ya kumlaani rafiki yake, mwigizaji mwenzake. Hakusaini. Hawakumfunga, waliacha tu kumpigia simu. Miaka ikapita hayumo kwenye filamu yoyote. Alirudi nyuma ya pazia la vikaragosi. "Shetani wangu wa miaka ile," alisema, "alikuwa shetani mzuri kuliko wote." Akanipa nusu ya chungwa. Nikala.

Halafu mambo yalipobadilika kwao wakamwita tena, safari hii kwenye televisheni, kwenye hadithi zile ambazo familia za Ucheki hutazama pamoja kila Krismasi. Akawa jini wa maji, mwenye koti la kijani ambalo ncha yake inadondosha matone daima, hata jini akiwa nchi kavu. Nilidhani anatia chumvi kusema kila mtoto wa kwao anamjua. Mpaka tulipokwenda naye dukani, lile kubwa la Abu Hamour, Mama, Mwalimu, yeye na mimi. Tuko kwenye samaki. Mwanamume mmoja mzungu, mnene, mwenye beji ya kazi shingoni, akaachia toroli lake likaenda kugonga mizani. Akasema neno moja la Kicheki, kwa sauti ya mtoto mdogo kabisa. Babu alichukua polepole ncha ya koti lake la kawaida, akaikamua kama nguo iliyolowa, akakunja uso. Yule mwanamume alilia! Palepale, mbele ya changu na jodari!

"Anamdai?" Mama akaniuliza.

"Hapana Mama, ni staa!"

"Staa gani amevaa ndala?"

Hata jina la Babu yule mwanamume hakulijua. Aliujua uso tu. Babu alisema ndivyo inavyokuwa siku zote, na kwamba ni raha sana, maana hakuna anayemsumbua mtu akiwa anatafuta vitunguu.

Lakini mlango wangu ulikuwa haujafunguka. Kila jioni niliingia sebuleni kwao, nikasimama, nikasema sentensi, na sauti ikafa kabla haijafika kwenye kochi. Babu alinionyesha jinsi tarishi mwenye miguu inayouma anavyoingia, na jinsi polisi anayeona haya anavyoingia. Wote walikuwa watu tofauti na mlango ulikuwa uleule. Nikiingia mimi, alikuwa anaingia msichana anayetazama viatu. Jumatatu ya wiki ya maonyesho nilikuwa karibu kulia.

"Kwenu mnagongaje mlango?" akaniuliza, nadhani ili nisilie.

"Hatugongi. Tunaita hodi."

"Ukiwa wapi?"

"Nje. Unaita 'hodi', walio ndani wanasema 'karibu', ndiyo unaingia."

Alisimama. "Yaani sauti inaingia kwanza? Mwili bado uko nje? Hakuna anayekuona?"

"Ndiyo, Babu."

"No!" akapiga goti lake kwa kofi. "No, no, no! Hilo ni pazia langu! Toka nje. Toka, toka, funga mlango!"

Nikatoka kwenye korido. Hakukuwa na mtu, ila harufu ya vitunguu vya jirani. Nikaita hodi, ile ya kwetu, ya kuvuta, kama ninayoiita kwa shangazi yangu anayekaa Al Wukair nikijua amepika pilau. Sauti ilikwenda hadi ngazi za ghorofa ya sita. Na ilipokwisha kuingia sebuleni, mimi nikaifuata tu, maana ilikuwa imeshanifungulia. Nikasema mgeni amelowa chapachapa, na bibi mmoja jirani akatoa kichwa kuangalia kama bomba limepasuka.

Mazoezi ya mwisho, Mwalimu alikaa nyuma kabisa ya ukumbi. Aliinua kidole gumba.

Alhamisi ikafika. Saa kumi na mbili jioni ukumbi ulijaa, na wauguzi wenzake Mama, Wakenya wenzetu, walikuwa safu ya katikati, wengine bado na sare. Babu alikuja nyuma ya jukwaa, akaniambia kwa uso mkavu, "Vunja shingo." Mama, aliyekuwa ananifunga aproni, akaruka. "Ashindwe! Kwa jina la Yesu, mzee!" Mwalimu ikabidi aeleze kwamba kwao ndivyo waigizaji wanavyotakiana heri, na kwamba ni mwiko kushukuru. Mama akasema yeye hashukuru kabisa, asiwe na wasiwasi.

Nikasimama nyuma ya mlango wa mbao. Rafiki yangu kando yangu, anadondosha maji, mwavuli mkononi. "Ukikimbia leo," akaninong'oneza, "nakupiga na huu."

Muziki wa harusi ukanyamaza. Nikaita.

"Hodiii!"

Na hapo lilitokea ambalo hakuna aliyelipanga. Kutoka gizani, safu nzima ya katikati, wauguzi, madereva, mama za watu, bila kufikiri, kwa pamoja, wakaitika:

"Karibuuu!"

Ukumbi ulilipuka. Wahindi, Wafilipino, Waarabu, kila mtu alicheka, na wauguzi wenyewe wakaficha nyuso kwa programu zao. Bibi harusi jukwaani alisahau maneno yake. Lakini mimi nilikuwa nimekaribishwa! Nilifungua mlango, nikainua kichwa, sikuona viatu vya mtu yeyote. Nikangoja kicheko kipungue, kama Babu alivyonifundisha kuwangoja wachimba makaa, nikasema, "Kuna mgeni mlangoni." Nikamtazama rafiki yangu kuanzia kichwani hadi kwenye dimbwi lake. "Na amelowa chapachapa."

Walicheka tena. Na juu ya kicheko, kutoka safu ya mbele, nikasikia sauti moja ya kukwaruza: "No! No, no, no!"

Mzazi mmoja karibu naye akamwambia, "Shh! Mwache mtoto wa watu!"

Asubuhi yake, Ijumaa, niliamka kabla ya Mama kuniita twende kanisani, maana huku ibada huwa Ijumaa. Nilipanda ghorofa ya tano. Kwenye korido palikuwa na sanduku la safari tayari limefungwa, na koti lake limelazwa juu yake. Kengele ya mlango ilikuwa palepale, karibu na mkono wangu. Sikuibonyeza.

"Hodi!"

"No!" akajibu kutoka ndani.

Nikaingia.